Shikamoo ya Kaka Sele

Nikisema "enzi zetu" wakubwa hunicheka, kwa sababu sijafika hata miaka thelathini. Lakini nyinyi tuliokua pamoja Kinjumbi, wakati simu ya mtaa mzima ilikuwa moja na ilifungwa kwa kamba juu ya nguzo ya duka ili ishike mtandao, mnajua ninachosema. Nawaandikia nyinyi. Nikikosea nisahihisheni, tena upesi. Zamani aliyekuwa akinisahihisha ni Kaka Sele, na sasa hawezi. Aya hii peke yake nimeifuta na kuiandika upya mpaka nimechoka nayo, maana naogopa kuwa mimi ndiye niliyebaki na kumbukumbu za watu wawili, na sina uhakika na nusu yake.

Kaka Sele ni mtoto wa mama mkubwa. Mama yake alifariki akimwacha mdogo, akalelewa na mama yangu kwenye nyumba ya bibi yetu, Bibi Somoe. Amenizidi miaka minne. Nyinyi mlimwita Tipa, kama lori la mchanga, kwa jinsi alivyokuwa mkubwa kuliko watoto wote, na kwa jinsi ardhi ilivyolia alipokimbia.

Asubuhi za nyumba ile zilianza na moshi wa kuni na chai ya rangi yenye mchaichai. Bibi aliketi kwenye kizingiti cha jikoni na mswaki wake mdomoni, na hapiti mtu kuifuata mihogo bila kusalimia. Ulianza na mkubwa ukashuka. Shikamoo Bibi, shikamoo Mama, kisha, kwangu mimi, shikamoo Kaka. Hiyo ya tatu ilinikwama kooni kila siku ya Mungu. Nimwamkie Tipa? Mtu tuliyelala naye mkeka mmoja, na ambaye nilijua ni nani kati yetu aliyeulowesha?

Yeye alikuwa ameshakaa, kiganja chake kikiwa kimefunika bakuli la mihogo lote.

"Bado sijasikia," alikuwa akisema.

"Shkamo."

"Hiyo nusu. Nataka nzima."

"Bibi, muone Sele!"

"Mpe mwenzio shikamoo yake," Bibi alijibu bila kutoa mswaki. "Chai inapoa."

Basi niliinamisha shingo kwa kejeli mpaka kidevu kikagusa kifua, nikaivuta shikamoo ndefu kama treni. Naye aliitikia "Marahaba, mtoto mzuri" kwa sauti nzito ya mzee wa msikiti, ndipo kiganja kilipoondoka kwenye bakuli.

Mchana ulikuwa wa michezo. Wavulana walimfukuza kwenye mpira. "Tipa, ukianguka uwanja utapinda!" "Tipa kaa nje, unakula hewa yetu!" Hakugombana nao. Alikuja kwetu wasichana kucheza rede. Watoto wa leo hawaijui, kwa hiyo acheni niieleze: wawili wanasimama huku na huku wakirusha mpira wa soksi iliyojazwa matambara, na walio katikati wanaukwepa, huku mmoja wao akijaza chupa mchanga. Mpira ukikugusa umekufa, unakaa pembeni. Lakini kwetu Kinjumbi chupa ikijaa mpaka shingoni, wote waliokufa wanafufuka na kurudi kati.

Mjazaji nilikuwa mimi, na nilikuwa balaa. Sikuweza kuacha punje imwagike. Niligonga chupa ili mchanga ushuke, nikausawazisha kwa kidole, nikatoa kila kijiti.

"Wee Zuhura, unajaza chupa au unapima dawa?" walinipigia kelele waliokufa.

Kaka Sele alikuja kusimama mbele yangu, miguu ameipanua, mikono ameitanua. Mpira ulimgonga kifuani, paa! Kwa sheria alikuwa amekufa papo hapo, na alijua. Aligeuka kidogo tu akaniambia, "Jaza, mdogo wangu. Mimi nimeshakufa." Kisha alikwenda kukaa pembeni akimenya ukwaju, akisubiri nimfufue. Hakunihimiza hata mara moja.

Msimu wa korosho mambo yalikuwa hayo hayo. Tulizikaanga nje, juu ya kipande cha bati kuukuu lililotobolewa kwa msumari. Mnaikumbuka ile harufu? Mnakumbuka ganda linavyoshika moto na kutema mafuta? Bibi alifoka, "Rudini nyuma, mafuta hayo hayana adabu!" Sisi hatukurudi, maana harufu ilituvuta, kwa hiyo Kaka Sele alisimama kati yetu na moto, mgongo akiupa moto, uso akitupa sisi. Alama ndogo nyeusi za yale mafuta anazo mpaka leo. Nikiona alama zile najua kuwa hili sijalitunga.

Alipokuwa sekondari, mwalimu mgeni wa mpira wa kikapu alimwona akibeba madawati manne kwa mpigo. Mambo yalikwenda haraka kuliko tulivyoweza kuyaelewa: mazoezi, pasipoti, shule ya kulipiwa Marekani. Huko walimtazama wakasema huyu si wa kikapu, wakampeleka kwenye mpira wao, ule wa kofia ngumu, ambao mpira wenyewe umechongoka pande mbili kama tunda la mbuyu.

Mimi sikumaliza shule. Nilichonacho nimejifundisha mwenyewe, na nina ugonjwa wa kutosema jambo mpaka nilijue lote. Nilijifunza sheria za mchezo ule kwa kamusi na video, wakati huo tumeshahamia Kilwa Masoko, ili nimweleze Mama mwanawe anafanya kazi gani. Nikamwambia: kuna mtu mmoja anayerusha mpira. Watu wakubwa wanamvamia wamwangushe. Watano wanasimama mbele yake wamkinge. Sele ni mmoja wa hao watano. Mpira wenyewe ni nadra kuugusa, hata kuudaka ukirushwa haruhusiwi.

Mama alifikiri. "Kwa hiyo amevuka bahari yote ile kwenda kucheza rede?"

Tulicheka mpaka jirani akaja kuuliza kuna nini. Tukakaa kutazama kwenye simu yangu yenye kioo kilichopasuka, tukimtafuta kwa namba ya mgongoni. Mtangazaji alitaja kila mtu isipokuwa yeye.

"Mbona hawamtaji mwanangu?"

"Mtu wa nafasi yake anatajwa akikosea, Mama."

"Basi Mungu awasahaulishe jina lake," alisema, akaendelea kuchambua mchele.

Ninajuta kuwa maneno hayo yalisemwa nyumbani kwetu, ingawa najua maneno hayafanyi kitu.

Alicheza miaka mingi kuliko wengi wa nafasi yake. Magoti yalikwenda kwanza, kisha vidole, vikapinda kila kimoja upande wake. Hayo tuliyaona. Lile jingine hatukuliona. Siku moja aliniambia kwenye simu, "Watu wanaogopa lile pigo kubwa, Zuhura. Siyo hilo. Ni yale madogo. Kila mpira ukianza, kichwa kwa kichwa, kisha unarudi kwenye mstari. Kesho mazoezini tena." Alisema kama mtu anayeeleza hali ya hewa. Wiki iliyofuata aliniambia maneno yale yale kwa mpangilio ule ule, nami nikadhani anatania. Kisha akauliza, "Bibi hajambo?" Bibi Somoe alikuwa ameshazikwa, na Kaka alikuwa amemlilia pamoja nami kwenye simu hiyo hiyo.

Timu ilimwacha. Madaktari wa huko walimpima, wakasema wanashuku ni ugonjwa wa ubongo uliogongwa mara nyingi, lakini hauthibitishwi mpaka mtu afe na kichwa kifunguliwe. Nilipomtafsiria Mama hayo, alisema, "Basi tusijue," akaniambia nimlete nyumbani.

Yupo nyumbani sasa. Na hapa nataka niwe mkweli kwenu: mimi sikumpokea kama mgonjwa, nilimpokea kama kazi ya kusahihisha. Nilijipa matumaini kuwa nikimsimulia utoto wetu kila alasiri, kwa usahihi, bila kuruka kitu, ataurudia. Alisema mwezi wa korosho, nikasema hapana Kaka, huo ulikuwa wa Ramadhani. Aliita rede kombolela, ule mchezo wa kujificha, nikasema hapana Kaka. Jasho lilimtoka kwenye paji la uso. "Nimekosea?" aliuliza kila mara, akiangalia huku na huku kama mtu anayetafuta refa. Nilichelewa kugundua kuwa jina lake nilikuwa nalitaja akikosea tu.

Juzi nilichukua bati nikakaanga korosho uani. Watoto wa dada yangu aliyekulia kwa baba walisogea, simu zao mkononi. Mmoja akauliza kwa nini tusinunue zile za pakiti. Niliendelea kugeuza zangu. Ganda la kwanza liliposhika moto, Kaka Sele aliinuka kwenye kiti chake. Kuinuka kwake siku hizi ni safari. Akaja akichechemea, akasimama kati ya watoto na moto, mgongo akiupa moto, mikono ameitanua.

Niliacha kugeuza. "Kaka! Umekumbuka?"

"Nini?"

"Kwa nini umesimama hapo?"

Aliwaza. Niliona anavyotafuta, nikaona anavyokosa. "Sijui," akasema taratibu. "Si ndipo mahali pangu?"

Watoto walicheka, wakampiga picha. Mafuta yaliruka yakatua shingoni kwake, hakutikisika. Nilizima moto kwa mchanga, korosho zikaharibika zote.

Asubuhi iliyofuata alitoka chumbani akishika ukuta. Mimi nilikuwa namimina chai, mihogo ikiwa mezani. Alinitazama, akasita, kisha akainamisha ile shingo nene.

"Shikamoo, mama."

Nilidhani ni ule utani wetu wa zamani umerudi, nikaanza kucheka. Macho yake hayakucheka. Alikuwa anamwamkia mwanamke mtu mzima asiyemjua, aliyemkuta jikoni.

"Kaka Sele, mimi ni Zuhura. Mimi ndiye mdogo. Mimi ndiye wa kukuamkia wewe. Shikamoo, Kaka."

Hakuitikia. Alibaki amesimama, haketi, mkono hausogei kwenye mihogo. Alilelewa nyumbani kwa Bibi Somoe. Mkubwa ambaye hakukuitikia amechukizwa, na aliyemchukiza mkubwa hali chakula.

"Shikamoo," akarudia, kwa sauti ya chini zaidi.

Niligeuka kumtafuta Mama. Alikuwa mlangoni, ameona yote, na khanga yake ameishika mdomoni.

"Mwitikie, Zuhura," alisema. "Usimsimamishe mtoto."

"Marahaba," nikasema.

Akaketi. Akala.

Imekuwa hivyo kila asubuhi tangu siku ile. Nimeacha kusahihisha. Haya niliyowaandikia ni chupa yangu, nimeijaza mpaka shingoni, nimegonga mchanga ukashuka, nimetoa kila kijiti nilichoweza kukiona. Nimemsomea jana. Alisikiliza kwa adabu mpaka mwisho, akaniuliza huyo Tipa alikuja kuwa nani.

Zamani nyumba ya Bibi ilijaa shikamoo hata kabla jua halijapanda, na sisi tuliziona mzigo. Siku hizi watoto wa dada yangu wanapita uani macho yao kwenye kioo cha simu, wanatupa kitu kama "shkamo" bila kujua kimemwangukia nani. Bibi asingewapa chai. Katika nyumba hii imebaki shikamoo moja tu iliyo nzima, ya shingo iliyoinama na sauti iliyotulia, kama Kaka Sele alivyokuwa akiidai kwangu akiwa amefunika bakuli. Anaileta mwenyewe kila asubuhi, ananipa mimi mdogo wake, na mimi naipokea ili ale.