Kabati la Bibi Juu ya Akaba

Baba alipopewa kiwanja, kilikuwa ni mawe manne tu yaliyopakwa chokaa, nyuma ya milima, upande wa mbali wa Amerat. Lami ilikoma kabla ya kufika. Iliyobaki ilikuwa njia ya changarawe iliyokwanguliwa na greda, na miti ya miba, na mbuzi. Nilisimama katikati ya yale mawe nikapiga picha ya kumwonyesha Bibi, nikaifuta, nikapiga nyingine. Hakukuwa na pembe iliyofanya pale paonekane nyumba.

Bibi aliitazama ile picha kwenye simu yangu kwa muda. "Mwanipeleka bara," akasema.

Kwa mtu wa Unguja wa umri wake, bara ni kule ambako watu huenda wakapotea. Wakati huo tulikuwa tukikaa mjini Darsait, katika nchi hii ya Waarabu, sisi wanne: Baba, Mama, mimi na Bibi, ambaye ni mama yake Mama. Fleti yetu ilikuwa juu ya fundi wa mataili. Bibi alikuwa akilalamika kila siku juu ya harufu ya mpira na kelele za nyundo, lakini alikuwa anajua kila mtu anayepita chini ya dirisha lake, na wao wakimjua. Nyumba ilipokwisha kujengwa, pole pole, chumba baada ya chumba, alitoa sharti lake mbele yetu sote.

"Nnakwenda kuangalia tu. Nkipapenda ntakaa. Nsipopapenda, mnirejeshe Darsait, na mama yako atarudi na mimi."

Mama akaitikia kwa kichwa. Maana yake ilikuwa wazi. Bibi akikataa, Baba na mimi tungebaki kule mlimani, Mama na Bibi wangebaki mjini, na nyumba ambayo Baba aliijenga ili tukae pamoja ingetugawa. Mwenye fleti alikuwa anataka jibu mwisho wa wiki ile, kama tunaendelea kupanga au tunahama. Baba alikuwa hajampa.

Mimi ni mtu wa wasiwasi. Narudi mlangoni kuhakikisha nimefunga, halafu nakaa garini nikijiuliza kama kule kuhakikisha kwenyewe nimehakikisha. Sikumaliza chuo. Ninavyovijua nimejifunza mwenyewe, kwa video na kwa kuharibu: useremala kidogo, umeme kidogo, kupaka rangi. Basi nilipoambiwa nisimamie kufunga mizigo, nilijifundisha na hilo. Video moja ikanivuta nyingine mpaka nikafika kwa zile familia za Marekani ya zamani zilizohama kwa magari ya mbao ya kukokotwa na maksai, yenye mapaa ya turubali, kwenda kukaa nchi wasiyoijua. Nilizitazama kwa wiki nzima nikitafuna kucha. Niliona jinsi walivyopanga vizito chini, juu ya ekseli. Niliona walivyofukia vyombo vya udongo na hata mayai ndani ya mapipa ya unga ili visivunjike njiani. Na niliona walivyofika kwenye milima, maksai wakashindwa, wakaanza kushusha makabati na majiko na kuyaacha kando ya njia. Hapo nilikuwa nazima simu.

Kitu kilichoniumiza roho kuliko vyote kilikuwa chetezo cha Bibi, cha kufukizia ubani. Ni cha udongo, chembamba, amekuwa nacho tangu kabla Mama hajazaliwa. Nilikifunga kwa kanga, nikakifukia katikati ya pipa la mchele, nikakaza kifuniko. Pipa nikaliweka chini kabisa kwenye pikapu ya Mjomba, aliyekuja kutusaidia kuhama, juu ya ekseli, na mbele yake nikasimamisha kabati la Bibi, lile la msaji lenye kioo ambalo Babu alilinunua Mutrah walipofika nchi hii kutoka Unguja. Nikafunga kamba, nikazifungua, nikazifunga tena. Mama alikuwa ameniambia, "Kila kitu nimekuachia wewe."

Mapazia ya chumba cha Bibi niliyaacha Darsait, yakiwa yananing'inia. Niliwaambia watu kwamba yatakuja na mzigo wa mwisho. Ukweli ni kwamba nilikuwa nimeshamwona akilini akirudi, na sikutaka akute dirisha tupu.

Mvua ilinyesha usiku wa kuamkia siku yenyewe, na asubuhi njia ya kawaida, ile ya bondeni Wadi Adai, ikawa imefungwa kwa maji. Ilibidi tuzungukie Bausher na kupanda akaba, ile barabara inayokwea mlima na kuteremkia Amerat. Baba alitangulia na pikapu yake yenye magodoro na vyombo vya jikoni. Mimi nilifuata na gari dogo, Mama kando yangu, Bibi nyuma na Msahafu mapajani. Mjomba alikuwa wa mwisho. Nilikuwa namtazama kwenye kioo kuliko nilivyotazama mbele.

"Tazama njia, mwanangu," Bibi akasema. "Kabati halina miguu ya kukimbia."

Katikati ya mlima Mjomba akapotea kwenye kioo. Nilisimama mahali palipopanuliwa pembeni, Baba naye akasimama, na baadaye kidogo pikapu ikaja inatambaa, mvuke unatoka mbele kama birika. Mjomba akashuka, akafungua boneti, akarudi nyuma upesi.

"Injinia!" akaniita. "Umeiua gari yangu."

"Uzito uko sawa, Mjomba. Nimeupanga juu ya ekseli."

"Ekseli haina neno. Inayopanda mlima ni injini."

Vizito vyote nilikuwa nimevipa pikapu yake kwa sababu ilikuwa ndefu na vilienea vizuri. Kwamba ilikuwa nzee, sikulitia maanani. Baba alitazama mlima uliobaki, akatazama kabati. Wakalishusha, yeye na Mjomba, wakalisimamisha juu ya changarawe kando ya ukuta wa barabara. Nilishuka na blanketi nikaanza kufunika kioo, maana magari yalikuwa yanapunguza mwendo watu watazame. Mmoja alifungua dirisha akauliza linauzwa kiasi gani.

"Pamoja na huyu msichana au peke yake?" Mjomba akamjibu kwa Kiarabu, na yule mtu akacheka, akaondoka.

Mimi sikucheka. Nilikuwa nawaona wale watu wa maksai. Bibi alikuwa anatazama kupitia dirisha la gari, na kabla blanketi halijafika juu alijiona kwenye kioo chake mwenyewe, mlimani, katikati ya mapikapu. "Kabati langu limekuwa ombaomba," akasema. Halafu akapandisha kioo cha dirisha.

Baba aliamua: Mjomba abaki na gari lake lipoe, na kabati alilinde. Sisi tuendelee. Baba atashusha magodoro nyumbani, arudi na pikapu tupu kulichukua. Ilikuwa akili nzuri. Tukaondoka. Pipa la mchele lilikuwa linaonekana wazi nyuma ya pikapu ya Mjomba, hakuna tena kabati mbele yake, na ningeweza kulifikia kwa mkono. Lakini nilikuwa nahangaika na pembe za blanketi, nikaliacha.

Tulipofika, changarawe ilikuwa bado na maji. Kulikuwa na nyumba mbili tu zilizokuwa na watu katika uwanda mzima, yetu na moja ng'ambo ya njia, na zaidi ya hapo mawe meupe ya viwanja vya watu ambao hawajaja. Baba alitupa magodoro barazani, akageuza gari, akaenda. Mama alifungua mlango wa nyuma kumshusha Bibi.

"Chetezo kiko wapi?" Bibi akauliza.

Kwetu nyumba mpya haiingiwi hivi hivi. Kwanza unaingia Msahafu, na mchele, na chetezo kinafuka ubani mkononi mwa mkubwa wa watu, naye anazunguka vyumba vyote kwa Yasini. Wengine ndipo wanapoingia. Nimelijua hilo tangu nina akili. Ningeulizwa na mgeni ningelieleza vizuri sana. Na katika wiki nzima ya kupanga kipi kikae juu ya kipi, sikujiuliza hata mara moja kipi kitatakiwa kwanza.

"Kiko salama," nikasema. "Kimo ndani ya mchele."

"Na mchele uko wapi?"

Mama alinitazama, akajua.

"Basi mie sishuki," Bibi akasema.

"Bibi, mafundi wameingia humu mwaka mzima."

"Mafundi hawakuja kukaa."

Hapo nilifanya ujinga. "Si umesema umekuja kuangalia tu?"

Mama alinifinya mkono. Bibi aliufungua Msahafu akaanza kusoma kwa sauti ya chini, miguu yake ikiwa ndani ya gari, mlango wazi. Simu haikushika mtandao pale mlangoni. Nilizunguka nyumba nikiinyanyua juu, nikaupata nyuma, kwenye kona karibu na tangi la maji. Baba hakupokea. Nilimpigia Mjomba. Alisema Baba bado hajafika na kwamba yeye na kabati wanaelewana. Nikarudi nikakaa kwenye godoro barazani. Upepo ulikuwa wa baridi. Nilihisi kila dakika Bibi anayokaa mle ndani ya gari, Darsait inamvuta kwa kamba.

Aliyetuvunjia ukimya alikuwa mwanamke wa nyumba ya ng'ambo. Alikuja akiruka madimbwi, shela yake ameifunga kiunoni, akasimama mbele ya gari, akamsalimu Bibi, kisha akanigeukia mimi.

"Mama wa watu mmemfungia garini kwa kosa gani?" akauliza kwa Kiarabu.

"Hatukumfunga. Amekataa kushuka," nikasema.

"Nna sababu zangu," Bibi akamwambia, naye kwa Kiarabu, na akamweleza habari ya chetezo, na pipa, na mjukuu aliyezika chetezo kwenye mchele kama maiti. Aliieleza kwa urefu. Yule mwanamke alicheka mpaka akashika mlango wa gari. Akaenda kwake akarudi na majmari yake, chetezo chao cha shaba, lubani unafuka na makaa yamewaka vizuri.

Bibi alivuta ule moshi, akasifu lubani, akauliza unatoka wapi. Lakini alitikisa kichwa. "Chetezo cha mtu mwengine siingizi kwanza. Nisamehe, mama."

"Haya basi, njoo kwangu. Kwangu kumeshaingiwa. Kahawa iko." Halafu akasema, bila kulalamika, kama mtu anayetaja hali ya hewa, "Tuko hapa peke yetu tangu wakati wa joto. Mume wangu anazungumza na mbuzi. Mimi nimebaki kuzungumza na gari la maji likija."

Bibi akatoa miguu nje. Alimpa Mama Msahafu, akamshika yule mwanamke mkono, wakavuka njia wakikwepa maji. Mama na mimi tukabaki tunatazamana. Kutoka barazani tulisikia Bibi akicheka ndani ya nyumba ile. Mimi badala ya kufurahi nilianza kuogopa kwamba ataipenda nyumba ya jirani kuliko yetu. Nasema ukweli.

Mapikapu yalifika karibu na Maghribi, kabati limelala juu ya gari la Baba. Nililikimbilia kabla ya kuwaamkia watu. Pembe moja ya chini ilikuwa imekwanguka, imetoka utepe wa mbao mweupe. Nilipapapasa pale mpaka Mjomba akanitoa mkono. "Limepata alama ya safari," akasema. "Twende."

Bibi alitoka kwa jirani. Nikafungua pipa mbele yake, nikatia mkono kwenye mchele mpaka kiwiko, nikakitoa.

"Kizima?"

"Kizima, Bibi."

Alifungua kanga, akakigeuza geuza, akapuliza punje zilizoingia. Yule jirani akatia makaa kutoka kwenye majmari yake, Bibi akatia ubani wake mwenyewe juu yake, akaingia kwa mguu wa kulia. Tulimfuata kwa mpangilio, Mama na Msahafu, mimi na sahani ya mchele. Alizunguka vyumba vyote, hata stoo, hata choo alisimama mlangoni.

Chumba chake nilikuwa nimekitayarisha wiki moja kabla. Nilikuwa nimepima chumba cha Darsait kwa futi, nimekipiga picha pande zote, nimekuja kubandika utepe sakafuni mahali pa kila kitu: kitanda hapa, kabati pale, meza ya dawa umbali ule ule kutoka kwenye mto wa kulalia. Baba na Mjomba waliingiza vitu wakaviweka ndani ya utepe. Vilikaa sawasawa. Bibi akakaa kitandani, akatazama, na mimi nilisimama mlangoni.

"Hiki chumba cha Darsait," akasema.

"Ndio, Bibi."

"Lakini hapa dirisha liko upande mwengine. Jua la asubuhi litanipiga usoni." Akanyoosha kidole. "Kitanda kiende kule. Kabati lije hapa, kioo kisitazame mlango. Nataka nikikaa nione njia, huyu mwanamke akija nimjue."

"Mama, mgongo wangu," Mjomba akasema.

"Sukuma."

Wakasukuma. Nilipiga magoti nikaanza kubandua utepe, kipande kwa kipande, kabla haujakanyagwa. Kabati lilipokaa, pembe iliyokwanguka ilikuwa upande wa mwanga, hadharani. Niliiona, na Bibi aliniona ninavyoiona.

Baba alikuwa mlangoni, simu mkononi. Aliuliza kama mtu anayeuliza chumvi. "Basi, mwenye fleti nimwambie nini?"

Bibi alikuwa anapanga kanga zake ndani ya kabati. "Mwambie asiguse mapazia yangu," akasema. "Mtakwenda kesho kuyachukua."

"Na vyuma vyake vya kutundikia?" nikauliza mimi, kutoka sakafuni.

"Na vyuma vyake. Usivizike kwenye mchele."