Mobileti Iliyooshwa kwa Chumvi

Nakumbuka Jumapili moja, uani nyuma ya ukumbi wetu wa sala kule Anderlecht, tulipoizunguka mobileti, pikipiki ndogo niliyokuwa nimeinunua wiki ile, ili tuiombee. Watu wote walikuwa wamefumba macho. Mimi pia nilikuwa nimefumba, ila si sana, kwa sababu tangu utotoni nimekuwa mtu wa kushuku, na maombi yakirefuka huwa nafungua jicho moja nione nani anafanya nini. Ndipo nikamwona mzee wetu mmoja, Papa Kalenga, amechuchumaa nyuma ya mobileti yangu, miwani puani, mkono ameutumbukiza chini ya kiti, anatafutatafuta.

Mwanangu, kama umekulia katika makanisa yetu hapa Brussels, desturi hiyo unaijua. Mtu akipata gari au pikipiki, haitoki kabla haijapakwa mafuta na kuombewa. Sisemi ni vibaya. Mpaka leo siwashi injini kabla ya kuomba. Nasema tu kwamba siku ile ua ulijaa watu, na hakuna hata mmoja aliyekuwa amesoma karatasi ya chombo tulichokuwa tunakibariki. Mwenye chombo, yaani mimi, ndiye niliyekuwa wa mwisho kufikiria jambo hilo.

Papa Kalenga alikuwa fundi. Kwetu tulikotoka, mjini Likasi, alifanya kazi miaka mingi katika karakana ya migodi, na alipofika Ubelgiji alipata kazi ya kupanga makasha ghalani, lakini macho yake yalibaki ya fundi. Maombi yalipokwisha, watu wakaitika amina. Yeye alifuta vidole vyake kwa leso akaniuliza mbele ya watu wote: "Mwana, karatasi ya conformité ya hii kitu iko wapi?"

Didier ndiye aliyejibu, maana ndiye aliyeniuzia. Alikuwa akipiga gitaa katika kwaya yetu, kijana wa maneno laini, naye pia ni mtu wa Likasi. Alisema karatasi hiyo, yaani cheti cha kiwandani kinachoeleza chombo ni cha aina gani, itakuja, kuna mtu anaitafuta. Papa Kalenga akatikisa kichwa akaondoka bila kunywa soda. Mimi nilishikwa na haya mpaka masikio yakapata moto.

Hebu nikueleze kwanza kwa nini mobileti ile ilikuwa na thamani kwangu. Nilikuwa na miaka ishirini na miwili, naishi na dada yangu mkubwa Odette, niliyemwita yaya, hapo Anderlecht, na nilikuwa nimepata kazi ya jikoni katika nyumba ya wazee huko Evere, upande wa pili wa mji. Metro, kisha basi, kisha basi lingine, na likikosekana moja nafika nimechelewa. Didier akaniambia ana mobileti ya classe A, ile isiyopita kilomita ishirini na tano kwa saa, ambayo ukishatimiza miaka kumi na sita unaiendesha bila leseni. Halafu akacheka akasema hii yake inakimbia vizuri kuliko zote. Nilidhani anasifia bidhaa yake. Mimi ninayeshuku hata mkate uliofungwa vizuri, siku hiyo sikushuku kitu.

Ilikuwa lazima kuwa na bima. Wakati ule mobileti zilikuwa bado hazijaanza kupewa namba, lakini bima ilikuwa lazima, na kadi yake ilikuwa ya kijani. Mimi nilikuwa bado na kadi ya ukaazi ya muda, nikaogopa wakala ataniuliza maswali. Basi nikafanya tulivyokuwa tukifanya sote: nikaomba bima iandikwe kwa jina la Odette. Jina lake lilikuwa kwenye kengele ya mlango, kwenye umeme, kwenye simu yangu ya mkononi. Nani kati yetu hajawahi kuishi ndani ya jina la mtu mwingine? Odette alikuwa akisafisha ofisi karibu na Schuman, mahali ambapo huingii bila beji, na beji haiongezwi muda bila cheti cha mwenendo mwema. Jina lake ndilo lililotulisha sisi wawili. Alitia sahihi akiwa amesimama, koti mwilini, anawahi kazini.

Sasa rudi nami kwa Papa Kalenga. Watu walianza kunong'ona kabla hata vikombe havijaoshwa. Kwa nini mzee apapase kitu cha kijana wakati wa sala? Mama mmoja akaniambia nimwogope, kwamba watu wa aina ile hawapendi kuona mtoto wa mwenziwe anainuka. Nami, badala ya kujiuliza kuhusu karatasi, nikajiuliza kuhusu mkono wa mzee. Usicheke. Nilinunua chumvi pakiti mbili, nikaichanganya na maji, nikaosha mobileti yote kwa siku tatu mfululizo ili kuondoa alichokuwa ameweka. Odette aliniuliza chumvi ya jikoni imekwenda wapi, nikamdanganya kwamba natoa madoa. Cheni ilipoanza kuota kutu juma lililofuata, nikapata uhakika kwamba nimelogwa.

Niliacha kumsalimia Papa Kalenga, na mbele ya nusu ya kanisa nikamwita mchawi. Nikimwona upande huu wa barabara, mimi navuka. Siku moja alasiri akaja nyumbani akabisha hodi. Odette alikuwa kazini. Nilisogea taratibu nikachungulia kwenye kitundu cha mlango, nikamwona amevua kofia, anangoja. Sikufungua. Akaanza kusema, polepole, kama mtu anayemsomea mwenzake barua.

"Fidèle, nayua uko apo nyuma ya mulango. Sikukuloga, mwana. Nilikuwa natafuta numero. Kile kibati ya nyuma inasema classe A, vingt-cinq à l'heure. Lakini ile moteur balishaifungula, inakimbia sawa ya classe B, na ya classe B inaomba permis. Weye hauna. Alafu assurance iko kwa jina ya Odette. Siku utagonga muntu, ao police bakusimamishe, batauliza jina ya nani? Bon. Miye nimesema."

Nilisikia nyayo zake zikishuka ngazi. Mwanangu, makosa yangu yote ya kabla ya hapo nayaita ujinga, na ujinga unasamehewa. Kuanzia dakika ile nilikuwa najua. Nilijua kwamba kizuizi cha mwendo kilichowekwa kiwandani kimeondolewa, kwamba sasa ilidai leseni nisiyokuwa nayo, na kwamba kadi ya kijani mfukoni mwangu ilikuwa ya chombo kingine, si kile nilichokuwa nakipanda. Nikajiambia mzee ana wivu. Nikajiambia nitamwambia Odette Jumamosi. Jumamosi ikapita, na nyingine, na mimi kila asubuhi navaa helmeti yangu vizuri, nafunga mkanda chini ya kidevu kama mtu mwadilifu, napita magari kwenye barabara ya kwenda Evere.

Walinisimamisha asubuhi kweupe. Polisi walikuwa wameweka kando ya barabara mashine yenye magurudumu yanayozunguka. Unapandisha tairi la nyuma, wanazungusha mkono wa mafuta, mashine inasema ukweli. Nilianza kushuku kwamba wamenichagua kwa rangi yangu, na sisemi hilo halitokei. Lakini mbele yangu walikuwepo vijana wawili wa Kibelgiji wanangoja zamu yao, mmoja tayari analia. Namba ilipopanda ikapita hamsini, polisi, mwanamke mwenye sauti ya upole, akaniuliza leseni. Nikasema classe A haitaki leseni. Akasema hii si classe A tena. Kisha akaitazama kadi ya kijani akaniuliza Odette ni nani.

Walibaki na mobileti, mimi nikapanda basi. Baada ya majuma kadhaa barua ikafika, na haikuwa na jina langu. Odette alikuwa ameitwa kuhojiwa. Walitaka kujua kama alimpa mtu asiye na leseni chombo kinachohitaji leseni huku akijua, maana hapa hilo ni kosa la mwenye chombo pia, na kwenye bima mwenye chombo alikuwa yeye. Na beji yake ilikuwa imebakiza miezi miwili.

Aliiweka barua mezani, akakaa mbele yangu. Hakupandisha sauti. Akasema ananiuliza mara moja tu: nilijua?

Nikamwambia, "Hapana, yaya. Didier njo alinidanganya."

Naliandika jibu hilo hapa kwa sababu nataka ulione lilivyo fupi. Odette aliniamini. Hilo ndilo linaloniuma mpaka leo, kwamba aliniamini papo hapo, akaanza kutafuta namna ya kunitetea. Akasema atamwita Papa Kalenga, fundi, aje atueleze jinsi mtu wa kawaida asivyoweza kuona kitu kama kile, ili Odette naye akawaeleze polisi. Nilimwambia asijisumbue. Nilimwambia mzee yule si mtu mzuri. Alinitazama kidogo, akachukua simu.

Papa Kalenga alikuja na kofia yake mkononi. Odette akamwekea chai na mandazi, akamuuliza kwa heshima: mtu asiyekuwa fundi angeweza kweli kujua? Mzee alikoroga chai yake. Mimi nilikuwa nimesimama karibu na sinki nikimwomba Mungu amzibe mdomo. Nilishuku amekuja kulipiza. Nilikuwa nimemwita mchawi mbele ya nusu ya kanisa, na sasa neno moja lake lilitosha kunimaliza.

Akasema, "Mama, ile ulize Fidèle mwenyewe. Miye nilikuwa inje ya mulango, yeye alikuwa ndani."

Kisha akanywa chai. Aliniachia nafasi niseme mwenyewe, na mpaka leo sijui kama ningemwachia mtu nafasi kama hiyo baada ya kunitendea vile. Nikasema. Nilisema yote, chumvi, mlango, Jumamosi zote zile, huku nikitazama sakafu. Odette hakunitukana. Alikusanya vikombe kabla mzee hajamaliza chai yake, akaingia chumbani.

Nilikwenda polisi nikaeleza kwamba nilijua na dada yangu hakujua. Waliandika, nikatia sahihi, na safari hii sahihi ilikuwa yangu. Kesi ikanifuata mimi. Hakimu akaniadhibu na kunizuia kuendesha kwa muda. Odette wakamwacha. Cheti chake kikatoka safi, beji ikaongezwa muda, na bado anaamka mapema kwenda Schuman. Didier alihamia kanisa lingine. Papa Kalenga ndiye aliyenifundisha kitabu cha sheria za barabarani, jioni baada ya jioni, mpaka nikapata leseni ya halali, na hakunikumbusha hata siku moja nilivyomwita.

Huenda unadhani mambo yaliisha vizuri. Miaka sita baadaye nilioa. Nikamwomba Odette awe shahidi wangu kule commune, ofisi ya manispaa inakoandikishwa ndoa. Alishona kitenge kipya, akapika kwa siku mbili, akaimba kuliko wote, akakaa mstari wa mbele. Kalamu ya kutia sahihi ilipomfikia, alinitazama akatabasamu, akampa binamu yetu atie badala yake. Tunapendana, tunakula pamoja kila Pasaka, watoto wangu ni wake. Lakini tangu barua ile ya polisi, dada yangu hajaandika jina lake tena pembeni ya langu, na mimi sijathubutu kumuuliza.

Basi sikiliza, mwanangu, nikuambie bila kuzunguka. Usipande mobileti kabla hujaona cheti chake cha kiwandani na kukisoma mwenyewe, hata kama anayekuuzia anaimba zaburi kwa machozi. Siku hizi ina plaki ya namba. Hakikisha namba hiyo, bima na chombo vinasema kitu kimoja. Ikipita ishirini na tano, itakudai leseni, na ukiambiwa imefunguliwa kidogo tu, mwachie mwenyewe. Helmeti vaa hata ukienda dukani, na kama hujatimiza miaka kumi na minane usimbebe mtu nyuma. Hata hizo trottinette za umeme, zile skuta za kusimama juu yake, zina sheria zake: miaka kumi na sita, mtu mmoja, wala si juu ya njia ya waendao kwa miguu. Mzee akikuuliza karatasi mbele ya watu, ona haya kidogo, halafu kaitafute. Mshuku anayekufurahisha haraka, na ujishuku wewe mwenyewe unapoanza kusema utasema Jumamosi. Zaidi ya yote, anayekupa jina lake mwambie kila unachokijua, siku ileile unapokijua, kabla hajakuuliza.

Nenda salama. Mungu akufikishe kazini na akurudishe mzima, akupe wazee wasiochoka kubisha hodi na moyo wa kuwafungulia. Na akujalie ndugu ambao, siku ya furaha yako, hawataogopa kushika kalamu.