Midomo Juu ya Bwawa la Mama

Kwetu, upande wa Manchira, mfugaji hujulikana kwa ng'ombe, na ng'ombe wa boma letu walikuwa wa baba. Mama aliwakamua, aliwachotea ndama maji, alizoa samadi miaka yote niliyomfahamu, lakini hakuna hata mkia mmoja ulioitwa wake. Ndiyo maana alipochimba bwawa nyuma ya nyumba, chini kidogo ya zizi, na kutia humo vifaranga vya samaki aina ya sato, alikwenda kuwatazama kila wakati, kama mwanamke aliyepata mtoto uzeeni.

Baba alikubali kwa sharti moja.

"Wakifa, hapo nitanyweshea ndama zangu. Sitaki shimo la mapambo bomani kwangu."

"Hawafi," mama alisema.

Nilikuwa nimerudi nyumbani kuandika, na dirisha langu lilitazama bwawa. Asubuhi moja ya mawingu niliona maji yakitetemeka ingawa hapakuwa na upepo. Nilipotoka nikakuta midomo. Mamia ya midomo midogo, imepangana juu ya maji, ikifunguka na kufungika. Mama alikuwa ameshafika kabla yangu, uso umejaa furaha.

"Wananisalimia," aliniambia. "Wamenijua."

Mfugaji anajua hili tangu utotoni: mnyama akikuona akakujia, ana njaa. Mama akamwaga pumba za mahindi, kavu, debe zima. Kisha akaongeza samadi, kwa kuwa alikuwa ameelezwa kwamba samadi hufanya maji yawe ya kijani, na ukijani huo ndio chakula cha samaki. Alipewa na kipimo, lakini nani kwetu hupima samadi? Shamba likichoka, samadi. Ukuta ukipasuka, samadi. Ghala la mtama tunalikandika kwa hiyo hiyo. Sijawahi kumsikia mtu wa kwetu akisema imezidi.

Kesho yake midomo iliongezeka, na mama akaongeza pumba. Jirani yetu mmoja, mwanamke asiyeweza kupita kwa watu bila kutupa neno, alisimama nje ya ua akacheka hadi akashika mbavu.

"Shoga, hiyo ni kwaya! Mbona haina sauti?"

"Inajifunza," mama alimjibu. "Jumapili utaisikia."

Siku ya tatu hakuna aliyecheka. Samaki wengine walikuwa wakiogelea kwa ubavu, kama mtu anayejikokota na maumivu ya kiuno. Mmoja, mkubwa kuliko wenzake, alielea tumbo juu, bado akihema, akizungushwa na maji kama jani. Tuliokota wanane waliokufa. Jirani alirudi, safari hii akiwa amepunguza sauti.

"Hii ni sumu, au ni jicho la mtu."

"Jicho la nani?" mama aliuliza. "Nionyeshe nilitoboe."

Baba alisimama kwenye mlango wa zizi, fimbo begani. Alitazama bwawa, akawatazama ndama wake, na mimi na mama tulielewa.

Siku hiyo sikuandika. Nilikaa dirishani. Jua lilipopenya mawingu, midomo ilianza kupungua, na kufikia saa sita mchana samaki wote walikuwa wameshuka chini, isipokuwa yule wa tumbo juu. Nilimwambia mama. Aliacha kupepeta, akafikiri.

"Sumu gani inayopumzika mchana?"

Tukampigia simu afisa uvuvi, kijana mmoja wa wilayani. Nilimweleza habari ya midomo, kisha mama akashika simu kwa mikono miwili.

"Shikamoo mama. Wanapanda juu saa ngapi?"

"Marahaba. Alfajiri, mwanangu."

"Maji yananukaje?"

Mama alivuta pumzi. "Kama zizi."

"Umeweka samadi kiasi gani?"

"Ya kutosha."

"Ya kutosha shamba, au ya kutosha samaki?"

Mama aligeuka akatazama zizi. Yule kijana akaeleza taratibu. Samadi ikioza hula hewa iliyo ndani ya maji, na pumba zinazobaki huoza vilevile. Ukijani wa maji hutoa hewa jua likiwaka, lakini usiku nao huivuta, na siku za mawingu hautoi ya kutosha. Alfajiri hewa imekwisha. Samaki hawapandi kuomba chakula. Wanapanda kutafuta pumzi. Tuache kulisha, tutoe samadi, tuingize maji mapya tukiyamwaga kutoka juu ili yashuke na hewa. Na yule anayeelea mchana kutwa huenda ana lake: pumba kavu huvimba tumboni. Tumtenge, tusimpe kitu siku mbili, na kuanzia sasa pumba ziloweshwe kwanza.

Mama alinirudishia simu.

"Kumbe ni mimi niliyekuwa nawaziba pua," alisema. Kisha akakaza kanga kiunoni, akachukua jembe.

Tulitoa matope meusi kwa karai mpaka viganja vikachubuka. Punda alikwenda kijitoni na kurudi, madumu yakigongana ubavuni mwake, na kila dumu tulilimwaga kutoka usawa wa bega, maji yakipiga maji. Alfajiri mama aliingia bwawani hadi mapajani, akayapiga maji kwa ubao, akisukuma na kuvuta, kama anavyotikisa kibuyu cha maziwa, bila haraka na bila kupumzika. Midomo ilimzunguka miguuni.

Kisha mvua ikanyesha, na tukaona mchirizi wa kahawia ukiteremka kutoka zizini moja kwa moja hadi bwawani. Mama hakungoja hata ianuke. Alichimba mtaro wa kukinga maji hayo, upande wa juu wa bwawa, ukakata njia ya mifugo.

"Umekata njia ya ng'ombe!" baba alifoka.

"Wataruka. Wako wana miguu, wangu hawana."

Baba aliondoka kwa hasira. Jioni alirudi na mbao mbili, akazilaza juu ya mtaro. "Ng'ombe wasivunjike," alisema, kabla hatujamuuliza.

Yule samaki tuliyemtenga kwenye beseni alijigeuza siku ya tatu. Akikata kona bado aliinama upande mmoja, lakini tumbo lilikuwa chini.

Asubuhi moja ya mawingu mazito, baba aliteremka na ndama wawili kwenye kamba. Maji yalikuwa yametulia. Hapakuwa na mdomo hata mmoja.

"Wameisha?" aliuliza. Sauti haikuwa ya ushindi.

"Subiri jua," mama alisema.

Baba alichuchumaa. Ndama walivuta kamba kuelekea kwenye maji, akawazuia. Mwanga ulipofika kwenye maji, mama alisubiri tena kidogo, kisha akatupa konzi moja ya pumba zilizoloweshwa. Tuliona mgongo mmoja ukipita, mweusi, umenyooka. Halafu bwawa lote likachemka.

Mama alijifuta mkono kwenye kanga.

"Peleka ndama mtoni," alimwambia baba. "Hapa pana wenyewe."

Baba aliendelea kutazama mpaka konzi ile ikaisha. Akasimama, akavuta kamba. Ndama waligoma kidogo, kisha wakamfuata.