Mkono wa Injinia Magige

Asubuhi moja ya mwaka 1996, diwani Bernado Magige alifika Kiabakari akakuta lori limeegeshwa mlangoni mwa karakana ya pampu za maji. Wanaume sita walikuwa wakiivuta kwa minyororo mashine ya kukereza vyuma. Alishuka kwenye baiskeli kwa kishindo, akaiacha ianguke barabarani.

"Simamisheni! Nani amewatuma?"

Dereva akampa karatasi. Halmashauri ilikuwa imemuuzia mfanyabiashara wa vyuma vitu vyote vya karakana kama mali chakavu. Chini yaliorodheshwa majina ya madiwani waliopitisha uamuzi huo. La saba lilikuwa lake.

Alilisoma mara tatu.

Magige alizaliwa kwa wavuvi, kwenye kijiji cha rasi upande wa Musoma. Misheni ilimsomesha, serikali ikampeleka chuo, akarudi Mara akiwa injinia wa maji. Miaka michache baadaye hali ikawa ngumu nchi nzima. Sabuni hakuna, dizeli hakuna, spea za pampu hazikuja tena. Kati ya Butiama na Bunda visima vilizimika kimoja kimoja, na kina mama wakarudi kugombania madimbwi na ng'ombe.

Yeye na fundi wake Keraryo waliomba ruhusa kwenye mgodi wa zamani wa dhahabu, wakaokota shafti zilizotupwa, yaani vyuma vya kuzungushia pampu, wakazikereza upya. Bushi, zile pete za kushikia shafti, walizichonga kwa mti mgumu, wakazichemsha ndani ya mafuta ya pamba. Kila pampu waliyoifufua ilipitia kwenye mashine ile moja.

Ndiyo maana vyama vingi vilipoingia, watu walimsihi agombee udiwani. Mkewe Pelagia hakutaka.

"Baba Gati, wewe kazi yako ni chuma. Maneno waachie wenye maneno."

"Nisipokaa kwenye kile kikao, karakana itapata nani wa kuitetea?"

Alishinda vizuri sana. Kisha, katika kikao kimoja kirefu, likaletwa pendekezo la kuondoa mali zisizo na tija. Kiambatisho kilikuwa na kurasa kumi na moja. Mwenyekiti alisema humo ni viti vilivyovunjika na magari yaliyooza, na Magige, mtu asiyekaza nati bila kuijaribu mara mbili, akanyoosha mkono.

Sasa aliingia karakana. Keraryo alikuwa ameketi juu ya ndoo iliyopinduliwa, anaitazama sakafu mahali mashine ilipokuwa.

"Keraryo, sikujua. Haki ya Mungu sikujua."

"Sisi tulikuwaga tunasema, Injinia yuko kule, hakuna wa kutugusa," alijibu Keraryo polepole. Hakumpigia kelele. Magige angeshukuru kama angempigia.

Lori liliondoka saa sita. Aliandika barua tatu za kupinga, akajibiwa kwamba mauzo yamekamilika. Jumapili iliyofuata, baada ya ibada, akasimama mbele ya watu nje ya kanisa.

"Mmesikia karakana imeuzwa. Mimi ni mmoja wa waliouza. Nilinyoosha mkono bila kusoma."

Mama mmoja mtu mzima, Marieta, aliyekuwa akichota maji kwenye kisima cha kwanza kabisa kufufuliwa na Magige, akasimama.

"Baba, yaani wewe tuliyekuchagua kwa sababu umesoma, ndiye hukusoma?"

Magige akakaa chini palepale kwenye nyasi, na suti yake, na watu hawakujua kama wamsaidie kuinuka au waondoke.

Hakugombea tena. Visima vinne vilikufa kabla ya mvua za vuli. Yeye na Keraryo walibeba shafti kwa basi mpaka Kitaji, Musoma, ambako mwenye gereji mmoja aliwaruhusu kutumia mashine yake siku za Jumamosi. Visima viwili vikarudi kutoa maji. Viwili havijatoa hadi leo.