Nilivyounguza shanga za Ba kwa mbolea ya majani chai

Wakuu, salamu kwenu nyote. Mimi humu ni msomaji tu, huu ndio uzi wangu wa kwanza. Juzi mtu aliuliza kama mbolea ya shambani inafaa maua ya ndani, na watu wakamjibu "weka tu, itashika." Nilivyosoma hayo majibu, nikaona siwezi kupita tu. Kwa hivyo naeleza yaliyonipata, bila kuongeza chumvi, na aibu iliyomo ni yangu mwenyewe.

Ilikuwa katikati ya miaka ya tisini. Naitwa Kemunto. Nilikuwa na miaka ishirini na minne na mtoto mmoja wa kike, Moraa, ambaye ndiyo kwanza alikuwa anajifunza kutembea.

Nilikuwa nimetoroka kwa mume wangu, kule Nyamarambe. Sitazunguka: alikuwa ananipiga, na mara ya mwisho alinipiga nikiwa nimembeba mtoto mgongoni.

Kwetu Sironga hawakunipokea. Mama alilia, lakini kaka zangu walisema ng'ombe wa mahari walishatumika, mmoja wao alikuwa ameolea hao hao, basi nirudi kwangu. Wanaotoka pande zetu wanaielewa hiyo lugha. Ningelala siku mbili, ya tatu nasindikizwa Nyamarambe.

Nikapata kazi ya nyumbani Kisii mjini, kwa familia ya Wahindi waliokuwa na duka la vifaa vya ujenzi. Duka chini, nyumba juu. Mwenye nyumba alikuwa mama mzee mjane ambaye wote tulimwita Ba. Duka liliendeshwa na mwanawe, Jayesh, mtu wa maneno machache sana.

Nilipewa chumba nyuma ya duka, mimi na Moraa. Mlango wake ulikuwa na komeo la chuma kwa ndani. Hilo komeo nililipenda kuliko kitanda.

Niliwaambia mimi ni mjane. Niliogopa wakijua nina mume watasema hawataki vita vya watu wengine dukani kwao.

Sasa tuje kwa maua.

Kwenye veranda ya juu Ba alikuwa ametundika chungu, na ndani yake kuna mmea ambao sikuwahi kuona mwingine wa aina hiyo. Hauna majani ya kawaida. Ulikuwa na nyuzi nyembamba zinazoning'inia karibu zifike sakafuni, na kila uzi umejaa punje za kijani za mviringo, zimejaa maji ndani, ukubwa wa njegere. Mimi niliita shanga. Ba aliita moti, kwa lugha yao ni lulu.

Marehemu mume wake ndiye aliyeuotesha, kutoka kipande kimoja. Kila asubuhi akishamaliza kusali, Ba alisimama pale akizipanga zile nyuzi kwa vidole, huku akiongea polepole Kigujarati. Sikuhitaji mkalimani kujua anaongea na nani.

Mwezi wa nne Ba akasafiri ng'ambo kwa binti yake aliyekuwa amejifungua. Aliniachia maagizo mengi ya jikoni na moja tu la veranda: moti ipewe maji kidogo, tena udongo ukishakauka kabisa, na isipewe kitu kingine chochote.

Wakuu, mimi nimekulia katikati ya majani chai. Kwetu mvua inanyesha alasiri, kiwanda kinaleta mbolea, unatembea na ndoo na kila mche unaupa kiganja chake. Mche ukila, unazaa. Nikaona huyu mama anautesa mmea kwa njaa. Hata punje za juu zilikuwa zimeanza kusinyaa kidogo.

Nikawaza: Ba akirudi akute nyuzi zimenenepa na kufika sakafuni, ataona mimi ni mtu wa maana, na kile chumba chenye komeo kitakuwa changu miaka yote. Basi nilipoenda kumwona mama Sironga, kwenda na kurudi bila kulala, nikachota mbolea ya chai kwenye kopo la mafuta ya kupikia, nikarudi nayo mjini.

Nikaupa kiganja kimoja, kuzunguka shina, vile vile nilivyofundishwa. Halafu nikaumwagia maji jagi zima, ndiyo mvua yenyewe. Niliridhika sana siku hiyo, nikafanya kazi nikiimba.

Siku tatu kimya. Ya nne, punje zikaanza kugeuka rangi, zinaonekana ndani kama kioo, halafu kahawia. Ukishika moja inapasuka, inatoa maji yenye harufu ya kuoza.

Asubuhi iliyofuata nilikuta punje nyingi sakafuni. Nikaziokota zote kabla Jayesh hajatoka kunywa chai, nikazitia mfukoni mwa aproni. (Wenye watoto wadogo, hizo punje si za kula, ziweke mbali. Hilo nalo lilinitia hofu, maana Moraa alikuwa anaokota kila kitu.)

Nikadhani ni kiu, nikaongeza maji. Ndiyo, najua, najua.

Kuanzia hapo sikuwa na amani. Nikisikia viatu vya Jayesh kwenye ngazi, nakimbilia jikoni. Niligeuza chungu ili upande uliobaki na nyuzi uangalie nyumba, na upande wa upara uangalie barabara. Nikitumwa sokoni, kila mwanaume mwenye mabega mapana niliona ni yule wa Nyamarambe amekuja kunichukua, kwa sababu kichwani mwangu nilikuwa nimeshafukuzwa tayari.

Na kulikuwa na simu.

Sisi ni Wasabato. Ba aliniruhusu kwenda kanisani kila Jumamosi, nami nilirudi mchana. Sasa Ba naye alikuwa anapiga simu Jumamosi mchana, simu ya dukani. Akishaongea na mwanawe, anasema aitwe Kemunto. Ninashika ule mkono wa simu nikiwa na Biblia kwapani, na swali lilikuwa lile lile, moti yangu iko namna gani.

"Mzima, Ba," nilisema.

Jumamosi sita, wakuu. Mara ya kwanza sauti ilikwama. Kufikia ya nne ilitoka laini kabisa, na hiyo ndiyo iliyonitisha zaidi, kwamba naweza.

Aliyeniokoa ni mama. Alikuja siku ya soko na ndizi zake, akapanda juu kunisalimia na kumwona mjukuu. Nikampeleka veranda. Sikuwa nimemwambia mtu yeyote, na pale machozi yakanitoka kabla sijaeleza.

Aliingiza kidole kwenye udongo, akanusa, akaniuliza niliweka nini na kiasi gani. Nikamwambia kiganja, kama ya chai.

"Omwana one, mwanangu," akasema, "kwa kitalu huwa tunaweka mbolea?"

Kila mkulima wa chai anajua hili. Vipande vya kuotesha miche haviwekwi kwenye udongo wenye samadi wala mbolea. Unachimba chini, kwenye udongo mwekundu usio na kitu, kwa sababu mzizi mchanga ukikutana na chakula kikali unaungua. Nilikuwa nimefanya kazi hiyo tangu darasa la tatu. Lakini kitu kilichokaa ndani ya chungu kizuri kwenye nyumba ya Mhindi, nilikiona ni cha dunia nyingine, nikasahau ninachokijua.

Siku ile ile tukakata vipande ambavyo bado vilikuwa vigumu. Vilikuwa tisa, hakuna kilichozidi urefu wa kidole. Jayesh alikuwa anachimba msingi wa stoo nyuma ya duka, tukachukua udongo wa chini kabisa, tukachanganya na mchanga wa ujenzi. Vinne mama alivifunika na karatasi ya nailoni, kama kitaluni. Vitano nikavilaza juu tu ya udongo bila kuvifunika, kwa sababu yale maneno ya Ba ya maji kidogo yalikuwa yameanza kuniingia.

Vile vinne vilioza. Vile vitano, baada ya wiki mbili, niliinua kimoja kwa ukucha nikaona kijizizi cheupe, chembamba kuliko uzi wa kushonea. Nililia tena.

Mmea wa zamani haukubaki na hata punje moja. Na Ba akarudi wiki iliyofuata.

Nilikuwa nimesimama juu ya ngazi nikisikia anavyopanda, hatua moja, anapumzika, hatua nyingine. Nilikuwa nimepanga maneno mengi. Alipofika alinisalimia vizuri, akampapasa Moraa kichwani, akapita moja kwa moja veranda bila hata kuvua shali.

Sikumfuata haraka. Nilipofika amesimama mbele ya chungu kitupu. Nikaingiza mkono mfukoni mwa aproni nikatoa punje zilizokauka, zote, nikaziweka mezani. Kando yake nikaweka kopo lenye vile vipande vitano. Nikamweleza mbolea, maji, kila kitu.

Alizigusa zile kavu kwa kidole kimoja.

"Kemunto, maua nakufa," akasema. "Mimi naweza vumilia. Lakini siku yako ya Mungu, mara sita mimi nauliza, mara sita wewe nasema mzima. Kwa nini?"

Nikasema niliogopa kurudishwa Nyamarambe.

Akauliza nani yuko Nyamarambe. Nikamwambia. Nikamwambia mimi si mjane, na kwa nini nilitoroka, na kwamba hata kwa baba yangu sina mahali.

Alichukua lile kopo akaingia nalo chumbani kwake, akafunga mlango.

Nikashuka. Nilijua imeisha. Nilianza kukunja nguo za Moraa, moja moja, nikihesabu nitakaa siku ngapi Sironga kabla kaka zangu hawajanisindikiza.

Nikasikia Ba akimwita Jayesh juu, na baadaye viatu vya Jayesh vinakuja. Akasimama mlangoni mwa chumba changu, mkono mmoja bisibisi, mkono mwingine komeo jipya kutoka dukani, kubwa mara mbili ya lile la kwanza. Alilifunga chini ya lile la zamani, akalijaribu mara tatu kama linashika, akaenda zake.

Nilikaa chini sakafuni na nguo za mtoto mapajani.

Msidhani Ba alisahau. Mwezi mzima aliongea nami ya kazi tu, na moti alimwagilia mwenyewe. Lakini siku moja aliniita, akanionyesha. Mbolea ni ncha ya kijiko cha chai, unaiyeyusha kwenye ndoo nzima ya maji. Udongo uwe na unyevu kwanza, usiimwage kwenye mizizi mikavu. Mara moja au mbili wakati mmea unakua, basi. Ile miezi ya baridi, wa sita na wa saba, usiupe kitu, umelala. Punje zikisinyaa, gusa udongo kabla ya kugusa jagi.

Nilikaa kwake miaka kadhaa. Siku naondoka alinipa kipande cha moti, na komeo la pili nikaliomba. Vyote viwili ninavyo hapa Nyamira. Moti inakaribia sakafu, lakini nikiyeyusha mbolea bado napima mara mbili.

Nililojifunza: ule mmea niliuunguza siku moja kwa kutojua, na hilo lilisamehewa. Zile Jumamosi sita nilizichagua mwenyewe, moja baada ya nyingine, na sababu yake ningeweza kuisema tangu ya kwanza.

Haya wakuu, uwanja ni wenu. Wenye ujuzi wa haya maua nisahihisheni, na walioua mmea wa mtu wakasema mzima, jitokezeni. Sitakuwa peke yangu.