Siku Niliyoandika "Ostensibly"

Barua ilikuwa imeshaondoka siku tatu nilipogundua nilichokuwa nimeandika.

Ilikuwa barua ya mwanafunzi wangu, binti aliyekuwa amemaliza kidato cha nne katika shule ya kata ninayofundisha Kiingereza, huku milimani Lushoto, si mbali na Gare. Alikuwa ameomba ufadhili wa kusomea uuguzi kwenye shirika moja la nje. Fomu yao ilimtaka mwalimu anayemfahamu aeleze kwa Kiingereza tabia yake na mahudhurio yake, na mahudhurio ndiyo yaliyokuwa na doa. Mwanzoni mwa kidato cha nne alikosa shule karibu wiki sita. Bibi yake alikuwa amepigwa na kiharusi. Mama yake alikuwa akishuka sokoni Mombo kuuza kabichi kila alfajiri, akirudi jioni, na nyumbani hapakuwa na mtu mwingine wa kumgeuza mgonjwa kitandani.

Basi nikaandika hivi: "She missed six weeks of school, ostensibly to care for her sick grandmother." Nikaisoma sentensi hiyo mara mbili, nikairidhia. Kwa jinsi nilivyoelewa mimi, nilikuwa nimesema kwamba binti huyu alikosa shule wiki sita, na kwamba ni dhahiri, bila ubishi wowote, alikuwa akimuuguza bibi yake.

Neno hilo nililiokota nikiwa kidato cha tano, kwenye mdahalo. Msemaji wa shule pinzani alisimama, akasema kwamba hoja yetu ilikuwa "ostensibly" sahihi, na ukumbi mzima ukashangilia. Nilidhani ametukubalia. Nilishangaa hata kwa nini wenzake walikuwa wakicheka, lakini sikwenda kwenye kamusi. Lilinipendeza mdomoni, nikalibeba. Nililitumia kwenye insha, nikalitumia chuoni, na hakuna aliyenisahihisha, labda kwa sababu sentensi zangu zilikuwa bado zinasomeka. Nilipoanza kufundisha nikaliandika ubaoni mwaka baada ya mwaka: "ostensibly", dhahiri, waziwazi.

Jumamosi ile nilikwenda kwa mtawa mmoja mzee wa misheni, aliyefundisha Kiingereza tangu mimi sijazaliwa na ambaye sasa anatunza maktaba yao ndogo. Alikuwa amekubali kumfanyisha binti mazoezi ya usaili, maana waliopita mchujo wa kwanza, yeye akiwemo, wangehojiwa kwa simu ya video Alhamisi iliyofuata. Nilimpelekea nakala ya barua ili ajue wahojaji watakuwa wamesoma nini.

"Shikamoo Sista."

"Marahaba, mwanangu. Vua hilo koti, limelowa."

Alisoma akiwa amesimama karibu na dirisha, kwa sababu ukungu ulikuwa umeshuka na chumba kilikuwa na giza la asubuhi. Alifika katikati, akarudi juu, akasoma tena. Kisha akavua miwani.

"Kwa hiyo wewe hukuamini?"

"Kuamini nini, Sista?"

"Kwamba bibi yake aliumwa."

Nikacheka. Nikamwambia hata kidogo, nimeandika kabisa kwamba ilikuwa dhahiri. Yeye hakucheka. Alikwenda kwenye rafu, akashusha kamusi kubwa yenye gamba lililofungwa kwa gundi, akaifungua mbele yangu na kunionyesha kwa kidole. Nilisoma. Nikahisi masikio yanapata moto, kama mtoto aliyekamatwa.

"Hebu nikueleze kwa lugha yetu," alisema. "Nikisema, 'Alikwenda Tanga kumwona daktari,' nimekueleza habari. Nikisema, 'Alikwenda Tanga, eti kumwona daktari,' nimekueleza nini?"

"Kwamba humwamini."

"Basi. Neno lako ni hiyo 'eti'. Linataja sababu iliyowekwa mbele za watu, halafu linamwachia msomaji ajiulize ya nyuma yake ni ipi. Ungeandika 'apparently', ungekuwa umesema tu kwamba hukuona mwenyewe, ndivyo ulivyosikia. Hilo halina ubaya mkubwa. Ungeandika 'obviously', ungekuwa umesema ulichotaka kusema. Lakini hili linamnyooshea mtu kidole huku mkono uko mfukoni."

Nilijaribu kujitetea. Kamusi yenyewe ilisema kwamba zamani neno hilo liliwahi kumaanisha kitu kinachoonyeshwa wazi, na kwamba mzizi wake ni kuonyesha. Nikamwonyesha mstari huo. Aliutazama kwa huruma.

"Hao wa zamani hawamo kwenye kamati ya ufadhili," alisema.

Kilichonitisha ni kwamba sentensi haikuwa na kosa. Kama ningekosea sarufi, msomaji angetabasamu, akasema huyu ni mwalimu wa kijijini, alimaanisha hivi. Lakini ile ilikaa sawasawa. Kila Mwingereza angeisoma akajua mwalimu mwenyewe, mtu anayemfahamu binti kuliko wote, ana wasiwasi naye na anausema kwa adabu.

Na lipo jingine, ambalo sikumwambia Sista siku ile. Swali lake lilinichoma kwa sababu kuna wakati kweli sikuamini. Katika wiki ya pili ya utoro ule nilisema ofisini mbele ya walimu wenzangu, "Eti bibi anaumwa. Nani hana bibi?" Binti alikuja shuleni asubuhi moja kuomba ruhusa, amevaa sweta la mama yake, macho mekundu. Sikumsikiliza. Nilimpa fyekeo, nikamwambia akate nyasi za nyuma ya madarasa mpaka saa sita ndipo tuzungumze. Alikata. Saa sita ilipofika hakuja kuzungumza, alikwenda zake.

Wiki iliyofuata nilipanda kwao kwa hasira, nikiwa nimeshapanga maneno ya kumwambia mama yake. Nilimkuta binti peke yake, amepiga magoti kando ya kitanda, anamsafisha bibi kidonda cha mgongoni kwa maji ya chumvi huku akimwimbia taratibu kwa Kishambaa. Bibi alinitazama kwa jicho moja, jingine lilikuwa limeshuka. Akajitahidi kunikaribisha, maneno hayakutoka. Nilikaa kidogo, nikasaidia kushika beseni, nikaondoka. Tangu siku ile sikumtilia shaka tena, na niliporudi ofisini nilimwombea ruhusa rasmi kwa mkuu wa shule. Bibi alifariki mwishoni mwa ile wiki ya sita. Lakini kuhusu lile fyekeo, sikuwahi kumwambia pole.

Kutoka kwa Sista sikurudi nyumbani. Nilichukua bodaboda mpaka Lushoto mjini, kwenye stationari ambako tuliituma barua ile kwa barua pepe. Umeme ulikuwa umekatika. Nilisimama kwenye kibaraza saa mbili nzima, nikiandika barua ya masahihisho kwa kalamu nyuma ya karatasi ya mtihani, nikiifuta na kuiandika upya. Kila nilivyoiandika ilizidi kuwa mbaya. Nikisema nilikosea neno, watauliza mwalimu gani wa Kiingereza hajui neno aliloliandika. Nikisisitiza sana kwamba binti ni mkweli, watahisi wazazi wamekuja kunilalamikia. Umeme uliporudi nikaichapa kwa mistari minne tu na kuituma: neno lile nililielewa vibaya, nilimaanisha "obviously", nilimwona mgonjwa mwenyewe, naomba kosa langu lisiwe la mwanafunzi.

Jibu lilikuja papo hapo, na ndilo lililoninyong'onyeza. Lilikuwa limeandikwa na mashine: asante, maombi yanasomwa, kwa sasa hatupokei nyaraka za nyongeza. Nikapiga namba iliyokuwa kwenye fomu. Iliita mpaka ikakata. Nikapiga tena Jumatatu, mara nne, katikati ya vipindi, wanafunzi wakinitazama kupitia dirishani nikizunguka mti wa grivilea nikiwa na simu sikioni. Hakuna aliyepokea.

Nilikuwa na njia ya kunyamaza. Labda wasomaji wao walikuwa na haraka, labda hawakuliona. Usiku nilijiambia hivyo, asubuhi nikawaza wahojaji wakimtupia swali asilolitegemea, na yeye hajui limetoka wapi. Jumanne baada ya shule nilipanda kwao.

Nilimkuta shambani na mama yake, wanang'oa karoti. Aliponiona alifuta mikono kwenye khanga, akainama kidogo.

"Shikamoo madam."

"Marahaba. Nimekuja na jambo baya, na nimelifanya mimi."

Nikawaeleza wote wawili. Sikuficha. Nilisema neno lenyewe, nikasema nililidhania nini, nikasema maana yake ni nini, na kwa mama yake nikatumia ile "eti" ya Sista. Mama alisimamisha kazi. Binti alikuwa anakwangua udongo kwenye karoti kwa kucha.

"Kwa hiyo wanaona mimi mwongo," alisema.

"Wanaona mimi ndiye ninayekuona mwongo."

"Na wewe madam, uliniona hivyo?"

Ningeweza kusema hapana. Mama yake alikuwa ananitazama usoni.

"Mwanzoni, ndiyo," nikasema. "Mpaka nilipokuja hapa. Na ile siku ya fyekeo nilikukosea. Nisamehe."

"Siku ile bibi alianguka kitandani," alisema, kwa sauti ya kawaida tu, kama mtu anayetaja hali ya hewa. "Nilimkuta chini."

Ukungu ulikuwa unapanda kutoka bondeni, ukimeza matuta moja moja. Nilitamani anilaumu kwa sauti. Mama yake ndiye aliyeuliza.

"Sasa Alhamisi akiulizwa, aseme nini?"

"Aseme ilivyokuwa," nilisema. "Yote, hata yangu."

Alhamisi tulimpeleka kwenye maktaba ya Sista kwa sababu pale mtandao ulikuwa unashika. Aliingia peke yake, mlango ukafungwa. Mimi na mama yake tulikaa kwenye benchi la nje. Mama alikuwa na tasbihi, anaivuta polepole chini ya khanga. Mimi nilisikia sauti tu bila maneno, ya mzungu ikipanda na kushuka, kisha kimya kirefu, kisha ya binti. Katika kila kimya nilihesabu, nikajiambia ni sasa wanamuuliza. Mara moja nilisimama niende dirishani, mama akanishika mkono akanirudisha kwenye benchi.

Alitoka akiwa amelowa jasho, na baridi ilikuwa kali.

"Waliniuliza," alisema kabla hatujasema lolote. "Walisema, mwalimu wako ameandika kama mtu asiyekuamini, unafikiri ni kwa nini?"

"Ukasema?"

"Nikasema mwanzoni hukuniamini kweli, ukanipa adhabu. Halafu ukaja nyumbani ukashika beseni. Nikasema neno lile umelikosea, umetuambia mwenyewe shambani." Akavuta pumzi. "Mmoja akaniuliza kidonda cha mgongoni kinasafishwaje. Nikamweleza. Tukakaa hapo muda mrefu."

"Walisema nini kuhusu mimi?"

"Hawakusema kitu, madam. Waliandika tu."

Zilipita wiki saba. Sitaki kuzisimulia sana. Kila simu iliyolia nilidhani ni wao. Nilianza kuogopa maneno mengine pia: nilipita kwenye maandalio yangu ya masomo nikiyatafuta moja moja kwenye kamusi, hata yale niliyoyajua vizuri. Darasani nilisimama mbele ya kidato cha tatu nikawaambia kwamba neno fulani niliwafundisha vibaya, nikaandika ubaoni sentensi mbili, moja yenye "eti" na moja isiyo nayo, nikawaomba wafute maana ya zamani kwenye madaftari yao. Walifuta. Wengine walicheka. Waliokwisha kumaliza na kuondoka na maana yangu vichwani, sijui niwapateje.

Mwishoni mwa wiki ya saba binti alinipigia. Alikuwa analia, na kwa sekunde kadhaa nilikaa chini kwenye ngazi za ofisi, nikiwa na hakika kwamba nimemharibia. Kisha nikasikia neno "wamenichukua", nikamwomba alirudie. Akalirudia. Barua yao ilitaja usaili wake, na haikunitaja mimi popote. Mpaka leo sijui kama kuna mtu aliyeisoma ile mistari minne.

Alianza safari ya chuo asubuhi ya Jumatatu. Nilikwenda kumsindikiza mpaka barabarani. Alikuwa na begi jipya na sweta la mama yake. Tulikumbatiana, lakini aliniachia mapema, na sikumlaumu. Bado ananiita madam, ananisalimu kwa heshima ileile, ila hanielezi mambo yake kama zamani. Nilichovunja kati yetu ile asubuhi ya fyekeo hakikurudishwa na ile barua ya kumchukua.

Gari lilipoondoka mama yake alinipa mfuko wa mapeasi, akasema mdogo wake binti yuko kidato cha pili na anapenda Kemia.

"Siku yake ikifika, barua utaandika wewe?"

Sikutegemea. Nikauliza kama ana hakika.

"Wewe unatujua," alisema.

Nikamwambia nitaandika, ila kabla haijatumwa tutakaa chini, mimi, yeye na mtoto, niwasomee neno kwa neno kwa Kiswahili. Akakubali, akajitwisha kikapu chake, akaanza kuteremka kuelekea shambani.