Diwani Aliyefia Simuni

Juzi asubuhi nilikuwa kwa mama auzaye mahamri karibu na Ngome ya Yesu. Karani mmoja wa bandarini, tai shingoni, alitazama simu yake akashika kichwa.

"Diwani wetu amefariki!"

Mama aliendelea kugeuza mahamri. "Kakwambia nani?"

"Iko kwenye kikundi cha mtaa. Imesambazwa mara nyingi."

"Walioisambaza sikuulizi. Nauliza wa kwanza." Akamnyooshea mwiko. "Maiti ana wenyewe, baba. Yuko nyumba gani? Anazikwa wapi? Baada ya sala ipi?"

Karani akarudisha simu mfukoni, akaomba mbaazi.

Tunalilia sheria za mitandao, na kumbe mji huu una desturi yake ya zamani: habari ya msiba haipokewi bila jina la aliyeileta. Nilifurahi kuiona ingali hai.

Lakini nilifurahi kimyakimya, maana habari hiyohiyo nilikuwa nimeshawapelekea jamaa zangu. Nikaharakisha kuifuta. Nilichelewa. Shangazi yangu alikuwa keshavaa buibui akaenda kulia, na aliyemfungulia mlango ni marehemu mwenyewe.